Sauti ya Kuazima

Siku yangu ya kwanza kazini niliambiwa nifungue mdomo, lakini nisitoe sauti. Nilikuwa kijana, nimetoka Unguja na cheti cha skuli ya sekondari, na Kiarabu changu kilikuwa cha chuo cha Kurani: cha kusoma, si cha kuzungumzia. Nilikwenda studio, hapa Maskati, kuomba kazi ya kubeba taa. Mukhrij, ndivyo tulivyomwita mwongozaji wa michezo ya televisheni, alinikazia macho, kisha akanisimamisha mbele ya kamera.

"Sema chochote."

Nikasema. Mafundi wakacheka.

"Uso wa sheikh, ulimi wa mgeni," alisema mukhrij. "Basi wewe hesabu tu, kwa lugha yako, mpaka nikwambie basi. Sauti tutaitia baadaye."

Vijana wanaoigiza leo hubandikwa kinasa sauti kidogo ndani ya kanzu. Sisi tulikuwa na dablaji: picha inapigwa kwanza, kisha mtu mwingine anaingia katika chumba kilichozibwa kwa mazulia, anaitazama midomo yako na kuijaza maneno. Anayehesabu lazima ajue kupima. Hasira ni namba fupi, za haraka. Ukiomba radhi, unaivuta "saba" na kuinamisha macho. Ukikosea, mukhrij anapiga kelele, "Rudia!" Mukhrij wetu alisomea ng'ambo, akapenda kutusimulia habari za waigizaji wa kale wa Sweden, wa zama sinema haijapata sauti.

"Wale walisema kwa kope," aliniambia. "Na wewe fanya hivyo hivyo."

Aliyenitilia sauti alikuwa Abu Faisal, mtu mfupi, mpole, mkaazi wa Hamriya. Sauti yake ilikuwa kubwa kuliko yeye. Kwa uso wangu na koo lake tulikuwa kadhi, tajiri, baba mkali. Tulipiga picha studio, jangwani, hata kwenye gereji za Wadi Kabir. Watu wakanijua. Mudiri, mkuu wa studio, akanionya: "Ukisema mbele za watu, umetuharibia mchezo." Nilimtii kupita kiasi. Sokoni niliitikia salamu kwa kichwa. Nje ya nyumba yangu nikawa bubu mwenye heshima.

Kisha Zuwena, binti yangu wa pekee, akaposwa. Kwetu baba ndiye walii. Humuozesha binti yake kwa kauli yake mwenyewe, au humweka wakili aseme kwa niaba yake.

"Baba, useme mwenyewe," Zuwena aliniomba. "Hata kwa Kiswahili. Sheikh kasema yajuzu."

"Wakwe zako wananijua, mwanangu. Watashangaa."

"Wanamjua Abu Faisal."

Nikamwambia inshallah. Kisha nikaenda Hamriya kumweka Abu Faisal wakili wangu.

Siku ya ndoa wanaume tulikaa ukumbini, wanawake chumba cha pili wakisikiliza kwa kipaza sauti. Abu Faisal alisema vizuri mno. Mjomba wa bwana harusi akamnong'oneza mwenzake, "Mashallah, kama kwenye televisheni!" Nami nilikaa ubavuni mwake, na midomo yangu, kwa mazoea, ikihesabu.

Nilipoingia kumpa Zuwena mkono, hakulia.

"Nilidhani wamewasha televisheni," alisema.

Baadaye vikaja vinasa sauti vidogo, na mukhrij mpya akataka kila mtu aseme mwenyewe. Nikastaafu. Abu Faisal amefariki, Mungu amrehemu. Mimi naishi Sib kwa Zuwena, magoti yamechoka, na ile michezo ya zamani hurudiwa Ijumaa mchana.

Ijumaa iliyopita nilionekana kama baba anayemuozesha binti yake. Zuwena akachukua rimoti, akazima sauti.

"Mama, babu anasema nini?" aliuliza Aisha, mjukuu wangu.

Zuwena akasogea karibu, akaitazama midomo yangu.

"Thelathini na moja," alisema. "Thelathini na mbili."

Watoto wakaangua kicheko. "Babu anahesabu! Anamuoza kwa hesabu!"

Yeye hakucheka. Alinigeukia. "Haya, baba. Wewe ungesema nini?"

Mkwe wangu alikuwa mkekani na kikombe chake cha kahawa. Nikamtazama.

"Nimekuozesha binti yangu Zuwena," nilisema, "kwa ridhaa yake, na kwa mahari mliyokubaliana."

Mkwe wangu ni mtu wa Nizwa. Kiswahili chake amejifunza kwa mkewe na kwa watoto. Akaweka kikombe chini.

"Nimekubali," alisema, kwa matamshi yake ya Kiarabu, na hakuna aliyemcheka.

Zuwena alikuwa ameupa mgongo mlango wa jikoni, rimoti bado mkononi.

"Umechelewa, baba. Nna watoto wanne."

Nikaafiki kwa kichwa.

"Si kwa kichwa," alisema. "Rudia."