Vitenge vya Mama Zawadi

Nimekuwa mkalimani wa mahakamani hapa Stockholm kwa miaka tisa, na muda wote huo niliamini kwamba Kiswahili changu cha Tanga kinatosha kwa kesi yoyote.

Mwezi uliopita nilimtafsiria Mama Zawadi, Mkongo wa Bukavu anayeishi Fittja. Forodha ilizuia mzigo wake wa vitenge, ikidai ni bidhaa za biashara na lazima vilipiwe ushuru. Yeye alishikilia kwamba ni sare za kwaya ya kanisani.

Jaji alimuuliza kama amewahi kushughulika na vitenge kabla ya hapo.

"Ndiyo. Kila nikienda Bukavu ninauzaka vitenge kwa soko."

Nilishtuka. Nikamnong'oneza, "Mama, una hakika unauza?"

"Ninauza, baba. Kila mtu anauza."

Nikatafsiri kwa Kiswidi kwamba yeye huuza sokoni. Mwanasheria wa forodha aliandika haraka huku akitabasamu, nami nikamhurumia mama kwa kujichongea.

"Wateja wako ni nani?" jaji akauliza.

"Wateja? Mimi sina wateja!"

Binti yake, aliyekuwa ameketi nyuma, akasimama na kusema kwa Kiswidi, "Mkalimani amekosea. Kwetu kuuza ni kununua. Kile anachokiita yeye kuuza, sisi tunaita kuuzisha."

Jaji akanigeukia. "Mkalimani, unamwelewa huyu mama?"

Kwa mazoea, nikamtafsiria Mama Zawadi swali hilo.

"Mumwambie hapana," akajibu.

Nikatafsiri.