Kabla Hujasema Yupo

Nakumbuka jioni moja gari la sinema lilipokuja kijijini kwetu Kinampanda, enzi za Mwingereza. Mwanangu, umeniambia kazi uliyopata mjini ni kutafuta picha za zamani za sinema ili televisheni izioneshe tena. Kaa kwanza.

Mume wangu wa kwanza, Yakobo, alipelekwa vitani Burma, kule Asia. Vita vilipokwisha alirudi rafiki yake Simioni, mkono mmoja umekatwa na bomu lile lile ambalo, alisema, lilimuua Yakobo. Tulilia, tukaanza kungoja ndugu wafike tunyoe nywele kumaliza msiba. Zamani hatukumaliza msiba mbio mbio kama ninyi.

Ndipo gari likaja. Walitundika shuka jeupe, wakaonesha ng'ombe wakiogeshwa, halafu askari wakitembea kwa mistari. Nikamwona Yakobo anacheka, kofia imekaa upande. Nikasema kwa sauti, "Yupo!" Uwanja mzima ukaitikia yupo, yupo, na picha ikapita.

Msiba ukavunjika palepale. Shemeji zangu wakasema Simioni ni mwongo, pengine alimtoroka mwenzake, wakaapa kumfukuza kijijini na wanawe. Nilikuwa na furaha, lakini furaha yenyewe ilinitia hofu. Mama mkwe akaniuliza, "Umemwona, sawa. Umemwona wa lini?"

Asubuhi tukamwahi bwana wa sinema kabla hajaondoka, tumuulize picha ile ilipigwa lini. Hakujua. Makopo ya filamu yalikuwa mengi, na wale askari walikuwa kipande kifupi tu kilichoungwa kwenye mafunzo ya mifugo. Nikamwambia walikuja baada ya ng'ombe. Akafungua kopo moja, akafungua jingine, akiinua filamu juani na kunung'unika kwamba anachelewa kwenda Kiomboi. Niliogopa asije akachoka akafunga gari lake. Hatimaye akanipa kioo cha kukuzia, akanionesha pa kutazama.

Yakobo alikuwa pale. Ubavuni mwake alikuwepo Simioni, anapunga mikono yote miwili.

Nilimpa mama mkwe kioo. Alitazama muda mrefu, akakirudisha. "Ni ya kabla ya bomu," akasema. "Mwiteni Simioni aje tunyoe naye." Nilifiwa mara ya pili, mwanangu, na mara ile iliniuma zaidi, maana ni mimi niliyesema yupo.

Kwa hiyo ukipata picha ya mtu, usikimbilie kuionesha. Uliza imepigwa lini, kisha watafute ndugu zake, uwaambie kwa mdomo wako kwamba huyu alikuwepo wakati fulani. Ninyi mna haraka, nami nina wasiwasi nawe. Mungu akupe macho ya subira, na kila nyumba utakayoingia na picha ya marehemu wao, wakulilie begani na bado wakukaribishe chakula.