Fundi Kengele na Sanduku la Mkewe

Kazi yake ilikuwa kutengeneza kengele za umeme, zile za zamani zenye kinyundo kinachotetemeka kama meno ya mtu mwenye homa. Mtaa mzima ulimwita Fundi Kengele. Masikio yake yalikuwa yamezeeka kabla yake, kwa hiyo aliongea kwa kupaza sauti, na siri za nyumba yake zilikuwa mali ya majirani.

Siri kubwa kuliko zote wala haikuwa siri. Mkewe, mshonaji, alikuwa na sanduku la bluu lililosimama kando ya mlango tangu binti yao wa pekee akiwa wa kubebwa mgongoni. Kila asubuhi, kikombe mkononi, alitangaza:

"Leo naondoka."

Kisha anakwenda kwenye cherehani yake barazani, na jioni anarudi ndani. Kinyozi wa jirani akifungua kibanda chake humpigia kelele, "Shemeji! Bado hujaondoka tu?"

"Nasubiri wewe ujifunze kunyoa! Niwaache watu na vichwa vya namna hii?"

Fundi hucheka mpaka kushika mbavu. Yeye aliamini sanduku ni tupu. Nani angeamini vingine?

Basi binti akarudi likizo kutoka chuoni, kichwa kimejaa nadharia mpya. Baba yake akiwa anachokonoa kengele ya shule pale mezani, akaanza kumweleza. Mhadhiri wao anasema kitu kinachojizungumzia chenyewe na kujikana chenyewe si lazima kiporomoke. Chukua mtu anayesema, "Hili ninalosema ni uongo." Ukimwamini, amedanganya, ukimkatalia, amesema kweli. Watu hukimbilia kuurekebisha ukinzani huo. Mhadhiri anasema uacheni: upo ukinzani uliotulia, unaosimama kwa sababu haulali upande mmoja. Ukiulazimisha uchague, mfumo mzima unakufa.

"Na mshahara anapokea?"

"Baba, acha utani."

"Sitanii, mwanangu. Hiyo si kengele?" Akabonyeza swichi, meza ikatetemeka. "Umeme ukipita, sumaku inavuta kinyundo. Kinyundo kikienda kugonga, kinakata njia ya umeme uleule uliokivuta. Sumaku inalegea, kinyundo kinarudi, njia inaungana, kinavutwa tena. Kinajizima kwa kuwaka, kinajiwasha kwa kuzimika. Sasa fundi mjinga akiona kinakata umeme, anasema hapa pana kosa, anakifunga kisikate. Unajua anapata nini? Tik moja. Basi. Halafu harufu ya kuungua."

Binti akamtazama, kisha akatazama sanduku pale mlangoni. "Kumbe ni mama."

"Mama kafanya nini?"

"Anaondoka kila siku, na hajaondoka hata siku moja. Ukinzani uliotulia huo, baba, tena una mkono wa kubebea."

Fundi akacheka, lakini safari hii hakushika mbavu. Binti alipotoka kumfuata mama yake kwa mteja, akaliendea sanduku. Alitaka kulinyanyua tu, ahakikishe ni jepesi.

Lilikuwa zito. Akalifungua.

Akakaa chini sakafuni. Nguo zilikuwa zimepigwa pasi. Wala si matambara ya zamani: lilikuwamo gauni alilomwona nalo Jumapili iliyopita, sweta la baridi hii hii, mswaki mpya, miwani ya akiba ya kutungia uzi. Mkewe alikuwa akilipanga upya, kwelikweli, miaka yote. Kila asubuhi ambayo yeye alishika mbavu, mwenzake hakuwa anatania.

Na hapo mtu aliyewacheka mafundi wajinga maisha yake yote akafanya ujinga uleule. Akatundika magauni yote kabatini. Sanduku akalikimbiza kwa kinyozi, likafichwe kibandani.

Mkewe aliporudi, alisimama akatazama pale mlangoni, ambapo sakafu ilikuwa imebaki na alama ya sanduku.

"Liko wapi?"

"Nguo ziko kabatini," fundi akasema, amejikaza kwa vita. "Hapa haondoki mtu."

"Sawa," mkewe akajibu. "Siondoki."

Heri angetukanwa. Neno lile lilimwingia kama maji ya barafu. Asubuhi iliyofuata mkewe alikunywa chai amekaa. Kinyozi akapiga kelele zake, "Shemeji, bado hujaondoka tu?"

"Bado."

Kinyozi akabaki na wembe hewani, mteja naye kageuza shingo. Cherehani haikulia siku ile, wala iliyofuata. Mama alikula, alilala, alijibu alipoulizwa. Tik moja, basi.

"Baba," binti akanong'ona, kisha akakumbuka masikio ya baba yake, akapaza sauti, "umefunga kinyundo!"

Fundi akamfuata mkewe jikoni. "Mama, hebu niambie. Unataka kuondoka, au unataka kukaa?"

"Vyote."

"Vyote vipi?"

"Kila asubuhi naamka nimeshaamua kwenda. Nakutazama wewe na masikio yako mabovu, nakaa. Nilikuwa nakaa mwenyewe. Sasa umeniweka, kama kabati. Haya, kabati limekaa. Lakini kabati halikupendi."

Fundi akaenda kwa kinyozi, akaliomba sanduku kwa kunong'ona. Mtu huyo, ambaye sauti yake ilisikika hadi kituo cha basi!

Jioni ileile akalirudisha sanduku. Akalipanga kwa mikono yake, polepole, maana sasa alijua anapanga safari ya kweli. Akalisimamisha juu ya alama yake.

Asubuhi mkewe akaliona, akalifungua. "Nani amekunja gauni langu kama tambara la kudekia?"

Akaanza kukunja upya, moja moja. Chini kabisa akakuta shati la fundi.

"Na hili linakwenda wapi?"

"Unakokwenda."

Akalitazama sana. Akalinusa, akakunja uso, akalitupa kwenye beseni. "Lifue kwanza. Likikauka, ulirudishe mwenyewe."

Kisha akafunga sanduku, akachukua kikombe chake, akasimama.

"Leo naondoka."

Fundi hakucheka. Alishtuka mwili mzima, chai ikammwagikia suruali. Akaenda dirishani, pumzi kaibana, akatega yale masikio yake mabovu mpaka aliposikia cherehani ikianza kulia.