Ukuta wa Muuza Saruji

Fundi cherehani wa mtaani kwetu hakuzaliwa mgomvi. Tulimwita Shemeji, hata sisi tusio na undugu na mumewe, kwa sababu ya utani wake. Ukimpelekea suruali iliyochanika anakuuliza ulikuwa unamkimbia mume wa nani. Utani huo ulimwisha siku muuza saruji alipojenga ukuta kwenye uchochoro wetu.

Uchochoro ule ni njia ya umma, na ndiyo pekee inayotufikisha barabarani. Muuza saruji alitaka ghala pana, akasogeza ukuta hadi ukabaki upenyo wa mtu mmoja na mzigo wake. Sisi wenye miguu tulinung'unika, tukazoea. Mume wa Shemeji hakuweza kuzoea. Alikuwa mwashi, akaanguka kazini, na tangu hapo yuko kwenye kiti cha magurudumu, ambacho hakipiti pale. Siku za kliniki nilimbeba mimi mgongoni, Shemeji nyuma na kiti kilichokunjwa. Mtu mzima mwenye ndevu, ananiomba radhi njia nzima. Iliniuma.

Shemeji alianza kwa adabu. Alimwendea muuza saruji mwenyewe, akajibiwa, "Dada, mbona wenzako wanapita?" Akaenda halmashauri. Wakaja kuchora alama nyekundu ya kubomoa, na kesho yake jamaa akaupaka ukuta rangi mpya, nzuri kuliko ya kwanza.

Ndipo akampata wakili wa msaada wa bure.

"Njia ni ya wote, mama," wakili akamweleza. "Ukitaka kushtaki wewe binafsi, lazima uonyeshe umeumia kuliko wenzako."

"Nitawaletea aliyeumia," akasema Shemeji.

Nikambeba tena mwashi, safari hii hadi mbele ya hakimu. Muda wote alitazama sakafu.

Tulishinda. Hakimu aliamuru kila kilichojengwa juu ya njia kibomolewe, mwanzo wa uchochoro hadi mwisho. Siku hiyo Shemeji alinitania njia nzima kwamba sasa mgongo wangu utapumzika.

Mpima ardhi akaja na kamba yake. Ukuta ulikuwa ndani ya njia, hilo tulilijua. Lakini hakuishia hapo. Akapima hadi kwa Shemeji, akaingia ndani, akaomba cherehani isogezwe. Chumba cha mbele, anamoshonea mke na anamolala mume, chote kilikuwa juu ya njia.

Shemeji akamgeukia mumewe. Ndiye aliyekijenga, enzi zake za uzima.

"Ulijua?"

"Nilijua, mama watoto. Kila mtu alikuwa anasogea kidogo."

"Ukaniacha niende mahakamani?"

"Ningekwambia ungeacha kesi. Nimechoka kubebwa."

Shemeji akaanza kukunja vitambaa vya wateja.

Wanasema sheria ni msumeno, hukata mbele na nyuma. Labda msumeno wa kwao. Huu wetu ulikuta mti laini ukakata, ukakuta mgumu ukarudishwa stoo. Muuza saruji alikata rufaa, akapewa zuio kwamba ukuta usiguswe hadi asikilizwe. Shemeji alimtafuta wakili wake, akaambiwa amehamishwa. Vijana wa halmashauri wakaja, wakapenya mmoja mmoja kwenye upenyo ule ule, nyundo begani, wakamfikia Shemeji na kukimaliza chumba cha mbele kabla ya adhuhuri.

Cherehani sasa iko jikoni, na mwashi analala pembeni yake. Mbele ya nyumba njia ni pana, kama hakimu alivyotaka. Kila asubuhi mwashi anajisukuma mwenyewe hadi ukutani, anaugusa kwa kiganja, anarudi.

Juzi ilikuwa siku ya kliniki. Nilimkuta pale ukutani, nikachuchumaa nimpe mgongo kama kawaida. Nikangoja, magoti yakaanza kuuma.

"Inuka, ndugu yangu," akasema. "Mimi kliniki siendi tena."

Akageuza kiti. Shemeji alikuwa amesimama mlangoni, ameshavaa viatu vya safari.