Siku Niliyowatoa Ng'ombe wa Neema

Hii habari naionea aibu mpaka leo, ila kwa kuwa nusu ya Bunda wanaisimulia, afadhali muisikie kwangu niliyeharibu.

Mimi natengeneza filamu za maisha halisi ya watu, sina bosi: natafuta stori mwenyewe, napiga picha, nashika maiki, nahariri chumbani kwangu Kitaji, na mwezi ukiwa mgumu napiga video za kipaimara na misiba (siringi hata kidogo). Mwaka ule nilimfuata Neema, binti wa mkulima wa pamba kule Bunda, kuanzia kupanda mpaka kuposwa, na filamu nzima niliipanga iishie pale ng'ombe wa mahari wanapoingia kwao.

Basi wakaja, vumbi, vigelegele, jua limekaa vizuri, mimi nimepiga goti nyuma ya kamera najipongeza, wakaingia zizini wote, nikatazama kioo: sikuwa nimebonyeza kitufe cha kurekodi.

Ningenyamaza, yangeishia hapo. Lakini kazi yangu kila siku ni kuwaambia watu "rudia kidogo" (mama anarudia kuchota maji, mwalimu anarudia kuingia darasani), kwa hiyo nikawaomba wachungaji wawatoe ng'ombe mpaka barabarani, halafu waingie tena. Na mimi ni mtoto wa Suguti, mila za huku nazijua, ila nikishika kamera akili yote inahamia kwenye picha.

Hata nusu yao hawajatoka, wakwe waliowaleta wakasimama wote. Baba wa bwana harusi akauliza ni nani amekataa mahari. Shangazi yao akaanza kukunja vitenge vyake, mjomba akawapigia simu ndugu waliokuwa njiani kutoka Butiama, wageuze. Neema akatoka jikoni, akaona ng'ombe wako nje, akakaa chini akalia.

Baba yake akanifuata, hakupandisha sauti. "Mwanangu, ng'ombe wa mahari hawarudigi. Wakirudi, ndoa imekufa. Nenda ukawaambie mwenyewe kwa nini wametoka."

Nikasimama mbele ya ukoo mzima, mimi waliyekuwa wananiita mtaalamu, nikasema nilisahau kubonyeza kitufe. Kisha baba wa bwana harusi akaamua: mwenye kosa awaingize mwenyewe, kwa fimbo. Nikawaswaga. Mmoja mwekundu akanisukuma nikaangukia kwenye samadi, watu wakacheka, na walipocheka nikajua ndoa imepona.

Kamera, bila shaka, haikuwa na mtu. Shangazi ndiye aliyenirekodi kwa simu, na filamu yangu inaishia hapo hapo, mtengenezaji mwenyewe anafuata ng'ombe, samadi mpaka kiunoni. Tangu siku hiyo nimeapa, picha ikinipita imenipita, simwambii mtu arudie.

Neema alipojifungua alinipigia. "Kaka, njoo na kamera, ila mtoto anabatizwa mara moja tu."

Kitufe nilikibonyeza nikiwa bado chumbani kwangu Kitaji.