Salamu za Mama Evaristi

Katika mkutano mkuu wa kijiji, watu wa kitongoji cha Mukabuye huketi nyuma. Hakuna aliyewapangia. Hufika mapema kuliko wengi, wakayapita mabenchi matupu ya mbele na kwenda kukaa kwenye nyasi, karibu na njia ya kutokea. Vestina amekaa hapo tangu usichana wake. Aliingia nchini akiwa mgongoni mwa mama yake, mwaka ambao familia nyingi zilivuka kutoka Burundi, na jambo la kwanza alilofundishwa kuhusu mikutano ni kwamba wasemaji ni wenyeji. Siku hizi ana cheti cha uraia, amekifunga kwenye nailoni na kukilaza chini ya godoro. Amepiga kura. Lakini mkutanoni hajawahi kunyoosha mkono.

Mwaka huu alikuwa na swali.

Maji ya chemchemi yalikuwa yanaletwa kwa bomba kutoka mlimani hadi sokoni, katikati ya kijiji chao cha kata ya Busunzu. Mtaro ulipita Mukabuye na kulikata shamba la mihogo la Vestina. Aling'oa mihogo mwenyewe kupisha mabomba, bila kunung'unika. Kisha mtendaji wa kijiji, Esteri, akabandika mchoro wa mradi kwenye ubao wa matangazo ili wananchi wauone. Vituo vya kuchotea maji vilikuwa sokoni, shuleni na zahanati. Mukabuye haikuwemo. Maji yangepita chini ya miguu yao kwenda kwa wengine, nao wangeendelea kushuka mtoni na kupanda na ndoo.

Magoti ya Vestina yalishakataa ule mteremko. Anayeshuka ni Aline, mke wa mwanawe Evaristi, na Aline alikuwa na mimba kubwa. Siku moja ya mvua alirudi kitenge kimejaa matope upande mmoja, ndoo haina kitu, akasema ameteleza kidogo tu. Vestina alimkanda kiuno kwa maji ya moto. Tangu hapo, kila Aline alipochukua ndoo, Vestina aliacha alichokuwa akifanya akasimama mlangoni, hadi kilemba cha mkamwana wake kilipochomoza tena juu ya mteremko.

Redio ya Kasulu ndiyo iliyotangaza namba. Shirika moja lilikuwa limeitengeneza kwa ajili ya vijiji: unapiga bure, hata kwa simu ya kitochi, unasikia mlio, unawaachia viongozi swali lako kwa dakika moja. Siku ya mkutano maswali yanapigwa kwenye spika mbele ya watu wote, na kiongozi anajibu papo hapo.

"Mimi nitapiga," Vestina alimwambia mumewe, Fidele.

"Mama Evaristi, unakijua Kiswahili chako. Ukifungua mdomo tu, wanajua mama yako alitokea wapi."

"Na wajue. Anayeteleza ni Kiswahili changu au ni Aline?"

"Sisemi lisiulizwe. Nasema aulize mwingine."

"Nani?"

Fidele akatazama migomba. Kila mwanaume wa Mukabuye alikuwa akimngoja huyo mwingine.

Vestina alipiga akiwa nyuma ya jiko, simu ameishika kwa mikono miwili, kama anayemkabidhi mkubwa kitu. Alisema taratibu, kwa adabu. Alipomaliza alirudi uso umechangamka.

"Umemaliza?" Aline akamuuliza.

"Ego, mwanangu, nimemaliza. Nimesema vizuri."

Siku ya mkutano, bwana wa makamo aitwaye Moses, wa lile shirika, alikuja kutoka Kasulu na kompyuta na spika mbili. Mfanyabiashara mmoja alisikika akiuliza habari za choo cha soko. Mwingine naye akauliza choo hicho hicho, kwa ukali zaidi. Kisha uwanja ukajaa sauti ya Vestina.

"Amahoro kwenu nyote. Mwenyekiti Ndayikunda, amahoro. Pole kwa msiba wa mkweo kule Titye, hatukufika wote lakini tulimtuma mtu. Mtendaji Esteri, amahoro, na baba wa nyumbani kwako, na watoto. Nilisikia mdogo ana surua, amepata nafuu? Mwalimu mkuu, amahoro, na wanafunzi wako. Wa zahanati, poleni na kazi. Huku mvua tumeipata, maharage yametoka vizuri, tunamshukuru Mungu. Mimi ni Vestina, mama Evaristi, wa Mukabuye. Sasa, neno lililonileta..."

Spika ikalia *tii*, ikanyamaza.

Watu walitazamana. Kisha kicheko kikaanzia mabenchi ya mbele.

"Swali liko wapi?"

"Huyo wa Mukabuye kasalimia mpaka vocha imekata!"

"Vocha gani, na ni bure? Kaichosha mashine!"

Uso wa Vestina uliwaka moto. Nyumbani kwao mtu hamfikii mkubwa na shida yake kabla ya kumuulizia watu wake. Angefanya hivyo, mama yake angefufuka kumkemea. Maelekezo ya dakika moja aliyasikia. Hakuna aliyesema kwamba salamu nazo zinahesabiwa.

"Twende," Fidele alinong'ona. Njia ya kutokea ilikuwa pale pale. Ndiyo maana walikaa hapo.

Lakini Esteri alikuwa amesimama na kipaza sauti, na hakuwa akicheka.

"Amahoro, mama Evaristi. Mtoto amepona, asante. Hawa wengine wote wameniulizia choo, hakuna aliyeniulizia mtoto." Akangoja makelele yaishe. "Uko wapi? Hebu simama, mama. Neno lililokuleta ni lipi?"

Vestina alisimama. Akamshika Fidele begani.

"Bomba linapita shambani kwangu," alisema. "Mkamwana wangu ana mimba, anashuka mtoni. Ameshaanguka. Nauliza, maji yanayopita chini ya miguu yake, kwa nini asiyachote?"

Hakukuwa na zaidi. Akataka kuketi, lakini bega alilolishika lilikuwa linainuka. Fidele alikuwa amesimama, kofia mkononi.

"Na mimi nauliza hilo hilo," alisema, kwa Kiswahili kile kile.

Mwanamke mmoja nyuma yao akasimama. Wakafuata jirani zake, wakijipangusa nyasi, mpaka hapakuwa na mtu wa Mukabuye aliyebaki chini. Mwenyekiti Ndayikunda akawaomba wanaoafiki ombi hilo lipelekwe wilayani wanyooshe mikono. Mbele nako mikono ikapanda, hata ya yule wa vocha.

Esteri hakuahidi maji. Aliahidi jibu.

Jibu lilikuja kwa simu, ujumbe uliorekodiwa wa dakika moja, mahindi yakianza kukauka. Vestina aliiweka katikati ya sikio lake na la Aline. "Amahoro, mama Evaristi," ilisema sauti ya Esteri. "Mkamwana hajambo? Na mzee? Mhandisi amepima. Mtapata kituo kimoja, juu ya shamba lako la mihogo." Dakika haikuwa imeisha, lakini Vestina aliendelea kuisikiliza simu iliyokwisha kukatika.

Siku hizi redio imeongeza maneno kwenye lile tangazo: salamu zako tumeshazipokea, tafadhali anza na swali. Vestina halielewi hilo. Mtu atapokeaje salamu ambazo bado hajapewa?

Aline alijifungua salama, msichana. Asubuhi ya kwanza bomba lilipofunguliwa alichukua ndoo, na Vestina, mtoto mikononi, akaacha uji jikoni akaenda kusimama mlangoni kama alivyozoea. Hata kabla hajapata mahali pa kuegemea, Aline alikuwa amesharudi kutoka kituoni, maji yakimchuruzika shingoni.

"Mama," Aline alisema, "unamngoja nani?"