Swali Ambalo Muuza Makaa Hakuuliza

"Dada, baba yako akisema uongo mbele ya watu, wewe utamuumbua?" Muuza makaa aliyekuwa akituletea magunia nyumbani Kanamkemer aliniuliza hivyo siku nilipomtembelea gerezani, nikageuza maneno nikamuuliza kama anakula vizuri. Akacheka: "Na hiyo university yote ulisoma!" Mwezi uliopita dada yake alinipigia simu. Kaka yake aliugulia humo humo gerezani na kufia humo, kabla ya kumaliza kifungo cha kuvunja duka Kakuma, kosa alilolikana tangu siku ya kwanza.

Kesi yake niliisikiliza mwenyewe. Shahidi mkuu alikuwa mlinzi wa duka la jirani, mzee, aliyesema alimwona mshtakiwa akikimbia. Hakimu akamgeukia muuza makaa: "Una swali kwa shahidi?" Naye akamnyooshea mzee mkono kutoka kizimbani: "Ejok, mzee." Watu wakaangua kicheko. "Hatukuja kusalimiana hapa," hakimu akasema. "Una swali au huna?" "Kwa huyu mzee? Hapana, mheshimiwa. Huyu ni rika ya baba yangu." Ikaandikwa kwamba hana swali. Ushahidi ukapita bila kuguswa, na adabu aliyofunzwa nyumbani ikamfunga.

Watu husema kazi ya wakili ni kupindisha maneno. Sikubali. Wakili ni mtu wa kumuuliza mzee jambo ambalo ukiliuliza wewe utaonekana hukulelewa. Tajiri huukodi mdomo huo. Mshtakiwa wa mauaji hupewa na serikali. Katiba inasema hata wengine wapewe, pale ambapo bila wakili haki itaumia sana, tena waambiwe mapema. Siku ile sikusikia mtu akimwambia. Na nani hupima haki imeumia kiasi gani, akimtazama nani? Tunajivunia kwamba kila mtu hupewa nafasi ya kusema, lakini kumpa nafasi hiyo mtu asiye na wa kumsemea ni kumfanyia mzaha. Haki iliyoandikwa, isitamkwe mbele ya anayeihitaji, ni mali ya sisi tuliosoma.

Baada ya mazishi nilimtafuta yule mlinzi Kakuma, nikamuuliza mimi. Hakukasirika hata kidogo. "Uso sikuona," alisema. "Niliona mgongo tu, watu wakasema ni yule wa makaa. Pale mbele ya hakimu nilikuwa nangoja mtu aniulize."